Chumvi, Barafu na Jelato ya Waitalia

Wasikilizaji wetu wa Kasulu na Kibondo, sisi wa Buha twaijua chumvi ya Uvinza tangu utoto. Maji ya chemchemi za huko yalipikwa vyunguni zaidi ya miaka 1,000 iliyopita, na chumvi yake ikachukuliwa mbali na wachuuzi. Burton na Speke walipita huko mwaka 1858 wakienda Ujiji. Basi yamkini mtu atauliza, chumvi na aiskrimu zina udugu gani?

Barafu peke yake haiwezi kugandisha maziwa yenye sukari, kwa kuwa hayo hutaka baridi kali zaidi. Lakini ukiiponda na kuichanganya na chumvi, barafu huyeyuka upesi, nayo huvuta joto la chombo kilichomo katikati, hata baridi yaweza kushuka mpaka nyuzi 21 chini ya sifuri. Ndivyo walivyofanya Waitalia kwa theluji ya milimani. Mmoja wao, Procopio wa Sisilia, alifungua nyumba ya kahawa mjini Paris mwaka 1686, ikasifika kwa vinywaji vilivyogandishwa. Mwaka 1843 Nancy Johnson wa Marekani alipewa haki ya uvumbuzi wa ndoo yenye mpini wa kuzungusha. Kazi ikawa nyepesi, ila chumvi ilikuwa ile ile.

Asili yao, basi, ni moja, lakini jelato na aiskrimu si kitu kimoja. Jelato, ambayo maana yake ni kitu kilichogandishwa, hufanywa kwa maziwa mengi na malai kidogo. Mafuta yake aghalabu ni sehemu 4 hadi 8 katika 100, hali sheria ya Marekani yataka aiskrimu isipungue 10. Aliyesuka maziwa kibuyuni apate siagi ajua jinsi mafuta yanavyoufunika ulimi. Ladha ya tunda huchelewa kufika.

Tena jelato hukorogwa polepole, hewa isiingie sana. Aiskrimu ya kiwandani yaweza kuvimba hata galoni moja ya mchanganyiko ikawa galoni mbili. Hili latuudhi kidogo: anunuaye kwa kikombe aweza kulipia hewa nusu nzima! Heri mizani. Vikombe viwili vilivyo sawa kwa ukubwa, cha jelato ndicho kizito.

Nayo hutolewa kwa baridi ya nyuzi 12 hivi chini ya sifuri, si 18, ili ulimi usife ganzi.