Orodha ya Vitabu Saba: Historia ya Pendekezo Moja la Riwaya za Kutisha

Wasichana wawili wamekutana katika mji wa Bath, nchini Uingereza, mahali ambapo matajiri wa karne ya 18 walikwenda kunywa maji ya chemchemi na kutazamana. Mmoja, Catherine Morland, ana umri wa miaka 17 na anasoma kwa mara ya kwanza riwaya ya Ann Radcliffe iitwayo The Mysteries of Udolpho. Mwenziwe, Isabella Thorpe, anamwahidi vitabu vingine vya aina hiyo hiyo, anatoa daftari lake la mfukoni na kumsomea majina saba. Catherine hana ila swali moja: je, vyote vinatisha kweli? Isabella anamhakikishia kwamba vinatisha, kwa kuwa rafiki yake fulani amevisoma vyote. Yeye mwenyewe, inavyoonekana, hajavisoma.

Tukio hilo limo katika Northanger Abbey ya Jane Austen, riwaya iliyotungwa kwa sehemu kubwa mwaka 1798 na 1799. Austen aliiuza mwaka 1803 kwa pauni 10. Mnunuzi hakuichapisha, na mwaka 1816 ikakombolewa kwa bei ile ile. Ilitoka mwishoni mwa Desemba 1817, miezi mitano baada ya mwandishi kufariki. Kabla ya kifo chake Austen alikuwa ameandika tangazo fupi la kumwonya msomaji kwamba katika miaka iliyopita tangu kazi hiyo kukamilika, mahali, desturi, vitabu na maoni ya watu vilikuwa vimebadilika sana. Naye hakukosea. Majina saba ya Isabella, ambayo kila msomaji wa mwaka 1799 angaliyatambua, yalikwisha kufifia, na katika karne ya 19 yakapotea kabisa.

Yalipotea kiasi kwamba wasomi walianza kudhani kuwa hayajawahi kuwa majina ya vitabu halisi. Mhakiki George Saintsbury, mtu aliyesoma mengi kuliko wengi wa zama zake, alionyesha shaka kama kweli riwaya hizo zilikuwako, maana shahidi wake alikuwa msichana wa kubuni tu. Majina yenyewe yaliwapa watu sababu ya kushuku: The Castle of Wolfenbach, Clermont, The Mysterious Warning, The Necromancer, The Midnight Bell, The Orphan of the Rhine, Horrid Mysteries. Yakisomwa kwa mfululizo yanafanana na mzaha wa mtu anayeigiza mtindo wa wengine. Ikaonekana ni jambo la busara kusema kuwa Austen aliyabuni ili kuwacheka wapenda hofu.

Haikuwa hivyo. Katika miaka ya 1920 Michael Sadleir, mchapaji na mkusanyaji wa vitabu, pamoja na Montague Summers, mtafiti mwenye tabia za ajabu na ujuzi usio na mfano katika mambo ya wachawi na mizimu, walithibitisha kwamba vyote saba vilichapishwa kweli, baina ya mwaka 1793 na 1798. Mwaka 1927 Sadleir alitoa kijitabu kuhusu riwaya hizo, na mwaka huo huo Summers akachapisha upya mbili kati yake. Iliyosumbua zaidi kupatikana ilikuwa The Orphan of the Rhine. Mwaka 1968 zote zilitolewa pamoja mjini London, chini ya usimamizi wa Devendra Varma, mtaalamu mzaliwa wa Uhindi aliyefundisha Kanada.

Hapa pana swali linalowahusu wanahistoria wa fasihi popote walipo. Inawezekanaje vitabu vilivyosomwa na maelfu vitoweke katika muda wa miaka mia moja, katika nchi yenye maktaba kubwa na wachapaji wengi?

Jibu la kwanza limo katika namna vilivyosomwa. Riwaya ya kutisha ya Uingereza huhesabiwa kuanza na The Castle of Otranto ya Horace Walpole, iliyotoka Desemba 1764, lakini ni Radcliffe aliyeifanya kuwa biashara. Kwa Udolpho ya mwaka 1794 alilipwa pauni 500, na kwa The Italian ya mwaka 1797 pauni 800, malipo yaliyowashangaza watu wa wakati ule. Nyuma yake wakafuata waandishi wengi, na mbele yao wote akasimama William Lane, mwenye kiwanda cha Minerva Press katika mtaa wa Leadenhall, London. Kati ya vitabu saba vya Isabella, sita vilitoka kwa Lane. Mtu huyu alikuwa mchapaji na mwenye maktaba ya kuazimisha kwa malipo, na alizisaidia maktaba nyingi za namna hiyo mikoani kwa kuzipatia vitabu. Msomaji hakununua riwaya, bali alilipa ada na kuazima juzuu moja baada ya nyingine. Kitabu kilipita mkononi mwa watu hamsini, kikachakaa, kurasa zikachanika, kikatupwa. Vitabu vya hotuba za kanisani, vilivyokaa bila kuguswa rafuni, viko salama hadi leo.

Jibu la pili ni heshima, au kukosa heshima. Waandishi wengi wa Minerva walikuwa wanawake, na wengi wao waliandika kwa sababu ya njaa. Eliza Parsons, mwenye vitabu viwili katika orodha ya saba, ni mfano ulio wazi. Mumewe alikuwa mfanyabiashara. Vita vya Marekani viliivuruga biashara hiyo, moto ukaimaliza, kisha mume akafa na kumwachia watoto wengi wa kulea. Parsons aliandika juzuu zaidi ya 60, akaomba msaada katika mfuko wa waandishi maskini, na akafa mwaka 1811. Katika The Castle of Wolfenbach ya mwaka 1793, msichana Matilda anamkimbia mjomba mwenye nia mbaya naye, anajificha katika ngome inayosemwa kuwa na mizimu, na huko anagundua kwamba sauti za usiku ni za mke aliyefungiwa humo na mume wake mwenyewe. Msomaji wa haraka atasema ni hadithi ya mizimu. Lakini hakuna mzimu katika kitabu hicho. Kuna mume, kuna mjomba, kuna kufuli, na kuna sheria ambayo haimpi mwanamke pa kukimbilia. Ni vigumu kuamini kwamba mjane huyo, mwenye wadai mlangoni, alibuni hofu hiyo kwa ajili ya burudani tu.

Vitabu viwili vya orodha vina asili ya Kijerumani. The Necromancer ya mwaka 1794 ni tafsiri ya kazi ya Karl Friedrich Kahlert, na sehemu yake moja imechukuliwa, bila kutaja mwenyewe, kutoka hadithi ya Schiller kuhusu mhalifu aliyepoteza heshima. Ni wizi, ila wizi wa manufaa: wasomaji wa Minerva, ambao wakubwa waliwadharau, walikuwa wakimsoma Schiller bila kujua. Horrid Mysteries ya mwaka 1796 yatokana na riwaya ya Carl Grosse juu ya chama cha siri kinachopanga kuitawala dunia. Mwaka 1818 Thomas Love Peacock alimcheka kijana mmoja katika Nightmare Abbey kwa kulala na kitabu hicho chini ya mto. Watu wa zama hizo walielewa kwamba mlengwa wa kicheko hicho alikuwa mshairi Shelley, rafiki yake.

Kwa nini hofu nyingi namna hiyo katika miaka michache? Sade, katika insha yake ya mwaka 1800 juu ya riwaya, alieleza kwamba aina hii ya utungaji ilikuwa zao la lazima la mtikisiko wa mapinduzi ulioikumba Ulaya nzima: watu walioona maovu ya kila siku hawakuweza tena kushtushwa na visa vya kawaida. Maelezo hayo yana upungufu, kwa kuwa Otranto yatangulia mapinduzi ya Ufaransa kwa miaka 25. Hata hivyo hayawezi kutupwa. Mwaka ule ule wa 1794 ambapo Udolpho ilitoka, serikali ya Uingereza ilisimamisha haki ya mfungwa kufikishwa mbele ya hakimu, na ikawashtaki kwa uhaini watu waliodai mageuzi ya bunge. Mahakama iliwaachia huru kabla ya mwaka kwisha, lakini wapelelezi hawakuacha kazi. Riwaya iliyojaa magereza ya chini ya ardhi, barua zilizoibwa na watu wanaosikiliza nyuma ya milango haikuhitaji kueleza mno inasema nini. Nao Wafaransa waliitambua mara moja: mwaka 1797 Victorine de Chastenay alikwisha kuitafsiri Udolpho, na mwaka huo huo Morellet akatafsiri The Italian.

Inafaa kusimama kidogo juu ya mbinu ya Radcliffe, kwa sababu mbinu hiyo yajulikana vema kwa wasomaji wa Kiswahili ingawa haikutoka kwake moja kwa moja. Katika Udolpho msichana Emily anafunua pazia jeusi, anaona kitu, anazimia. Msomaji haelezwi ni nini hadi karibu na mwisho, na ndipo anapoambiwa kwamba ilikuwa sanamu ya nta. Kila kivuli hupata maelezo yake, kila sauti hupata mwenyewe. Muhammed Said Abdulla alifanya vivyo hivyo katika Mzimu wa Watu wa Kale, riwaya iliyoshinda katika mashindano ya utungaji ya Afrika Mashariki na kuchapishwa mwaka 1960: jina latangaza mizimu, watu wa Unguja wahofu mizimu, naye Bwana Msa aonyesha kwamba muuaji ni mtu mwenye mikono miwili. Tofauti ni kwamba Radcliffe humwacha msomaji akiwa na aibu kidogo kwa kuogopa, hali Abdulla humfanya acheke pamoja na mpelelezi. Kadhalika riwaya nyingi za mauaji na vitisho zilizofuata Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla, ya mwaka 1965, ziliazimwa, zikachanika na kudharauliwa kama zile za Lane. Atakayetaka kuziandikia historia na aanze kuzitafuta mapema, katika masanduku ya nyumbani kuliko katika rafu za vyuo vikuu.

Wengi husema Austen aliandika ili kuvitia vitabu hivyo adabu. Ni kweli kwamba Catherine, akifika katika nyumba ya jenerali Tilney, anafungua kabati usiku akitarajia siri ya kutisha na kukuta orodha za nguo za dobi. Ni kweli pia kwamba anamshuku jenerali kuwa alimwua mke wake, na kwamba shuku hiyo ni upuuzi. Lakini wahakiki husahau upesi yanayofuata. Jenerali huyo huyo, akisikia kwamba msichana si tajiri kama alivyodhani, anamfukuza alfajiri, peke yake, kwa safari ya maili 70, bila kueleza sababu. Riwaya za kutisha zilimdanganya Catherine juu ya kosa. Hazikumdanganya juu ya mtu.

Kwa mwanafunzi anayetaka kuingia katika maandiko haya leo, orodha ya Isabella si mlango mzuri kwa ujumla wake. Clermont ya Regina Maria Roche ina juzuu nne na machozi kuliko hofu. The Orphan of the Rhine ya Eleanor Sleath, pamoja na sifa yake ya kuwa adimu, yamfuata Radcliffe hatua kwa hatua, na anayemjua Radcliffe hatapata jipya kubwa. The Necromancer ni fupi, imevurugika, hadithi ndani ya hadithi, na ndiyo inayostahili kusomwa kwanza na wanaochunguza usimulizi. The Castle of Wolfenbach nayo ni juzuu mbili tu. Udhaifu wa lugha yake hulipwa na uzito wa jambo lake. Asomaye Kifaransa kuliko Kiingereza anaweza kuanza na tafsiri ya Udolpho, kisha Le Moine ya Matthew Lewis, ambayo Antonin Artaud aliisimulia upya mwaka 1931. Lewis hatoi maelezo ya sanamu za nta: kwake shetani ni shetani, na mtawa aliyejivunia utakatifu wake hulipia kila dhambi mpaka mwisho. Kitabu hicho chahitaji msomaji mwenye moyo.

The Midnight Bell ya Francis Lathom, ambayo ndani yake mama anamwamuru mwanawe aikimbie ngome ya baba yake bila kujua sababu, ina ushahidi wa pekee juu ya wasomaji wake wa kwanza. Tarehe 24 Oktoba 1798 Jane Austen alimwandikia dada yake Cassandra barua kutoka nyumba ya wageni ya Dartford, walikolala njiani wakirudi nyumbani. Riwaya hiyo ilikuwa imetoka mwaka huo huo. Mama yao, aeleza, ameketi karibu na moto. Na baba yao, kasisi George Austen, mwenye umri wa miaka 67, anasoma The Midnight Bell, aliyoiazima maktabani.