Motokaa Inayotaja Ugonjwa Wake

Natumaini kila mmoja ana daftari na penseli mkononi. Bwana mwalimu, au Bibi mwalimu, tafadhali andika ubaoni alama hizi nne: 22, kisha 6, kisha 13, na mwisho herufi P ikifuatwa na 0115. Ziacheni hapo. Tutazirudia baadaye, na mtaona kwamba zote nne zinasema neno moja.

Katika masomo yetu ya historia tumekwisha kuzungumza habari za wafalme, za vita, na za biashara. Leo tutazungumza historia ya kitu kidogo sana. Ni ile taa ya manjano iliyo mbele ya dereva, yenye picha ya injini. Ukifungua ufunguo inawaka. Injini ikianza kunguruma inazimika. Lakini siku nyingine inakataa kuzimika, au inawaka ghafula njiani. Hapo wengi wetu hushikwa na hofu. Wengine hubandika kipande cha tepe juu yake wasiione tena. Hayo ni makosa, kwa sababu taa hiyo ni barua, na barua husomwa. Haifunikwi.

Nani aliifundisha motokaa kuandika barua? Sikilizeni.

Jambo hili lilianza na moshi. Katika mwaka wa 1943, wakati wa vita kuu ya pili, mji wa Los Angeles huko California, Marekani, ulifunikwa na ukungu mzito wa moshi. Macho ya watu yakawasha, makoo yakakauka. Wako waliodhani kwamba adui amewarushia sumu. Kumbe sumu ilitoka kwao wenyewe. Katika miaka ya 1950 mwanakemia mmoja, jina lake Arie Haagen-Smit, alionyesha kwamba moshi wa motokaa na hewa ya mafuta, vikipigwa na jua kali, hugeuka kuwa ukungu huo mchungu.

Japani nayo haikusalimika. Katika Julai 1970 wanafunzi wa shule moja katika mtaa wa Suginami, mjini Tokyo, waliugua wakiwa uwanjani kwa ajili ya hewa ya namna hiyo hiyo. Mwaka ule ule Marekani ilitunga sheria ya kupunguza sana moshi wa motokaa mpya. Japani nayo ikatunga sheria kali, na kufika mwaka wa 1978 gari dogo la petroli halikuruhusiwa kutoa zaidi ya robo gramu ya hewa chafu ya naitrojeni kwa kila kilomita moja. Robo gramu ni kitu kidogo sana.

Sasa watengenezaji wa motokaa walikuwa na kazi. Zamani petroli na hewa vilichanganywa na kabureta. Kabureta ni chombo kizuri, lakini ni kama mpishi anayekadiria chumvi kwa mkono: leo imezidi, kesho imepungua. Kile chombo cha kusafisha moshi, kinachofungwa katika bomba la ekzosi, kinataka kipimo kamili. Kwa kila kilo moja ya petroli yatakiwa kilo 14 na zaidi kidogo za hewa, karibu 14.7. Mchanganyiko ukienda kando, kisafisha moshi hakifanyi kazi vizuri. Kwa hiyo ikabidi kutafuta mpishi mwenye mizani. Mpishi huyo ni kompyuta ndogo, ambayo mafundi wengi wa kwetu huiita kontroli boksi.

Kompyuta haina macho wala pua. Kwa hiyo ilipewa wapelelezi, nao huitwa sensa. Mmoja hupima joto la maji ya injini. Mwingine hupima hewa inayoingia. Mwingine huangalia pedali imekanyagwa kiasi gani. Mwingine hunusa moshi unaotoka. Kila mmoja hupeleka habari zake kwa njia ya waya, nayo kompyuta huamua petroli kiasi gani imwagwe.

Lakini hapo lilizuka tatizo jipya. Je, mpelelezi mmoja akinyamaza? Je, akileta habari za uongo? Kabureta likiziba, fundi hulifungua akaona takataka kwa macho yake. Umeme hauonekani. Waya uliokatika ndani ya mpira wake ni sawa kwa macho na waya mzima. Kwa hiyo wahandisi walimpa mpishi wao kazi ya pili: awachunguze wapelelezi wake mwenyewe, na akiona taarifa isiyowezekana, aweke namba katika kumbukumbu na kuwasha taa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 magari ya Marekani na ya Japani yalikuwa yakifanya hivyo, na California ikatoa amri kwamba motokaa mpya, kuanzia zile za mwaka wa 1988, ziwe na uchunguzi wa namna hiyo pamoja na taa ya kumwonya dereva.

Magari hayo yalifikaje kwetu? Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1980, masharti ya biashara yalipolegezwa, magari yaliyokwisha kutumika Japani yalianza kushushwa kwa wingi katika bandari za Dar es Salaam na Mombasa. Yalitufaa, kwa kuwa Wajapani nao hupita kushoto mwa barabara, na usukani wao uko kulia. Lakini vitabu vyake vilikuwa vya Kijapani, na mafundi wetu hawakuweza kuvisoma. Angalieni basi ubora wa kazi ya wahandisi wale. Taa haisemi Kijapani. Taa inahesabu, na kuhesabu kila mtu ajua.

Sasa tutajifunza kuisoma. Tuchukue gari la Toyota la miaka ya 1990 mwanzoni. Chini ya boneti mna kisanduku kidogo cha plastiki chenye kifuniko, na ndani yake mna matundu yenye majina. Fundi huunganisha tundu la TE1 na tundu la E1 kwa kipande kifupi cha waya. Kisha hufungua ufunguo bila kuwasha injini. Taa huanza kupepesa. Ikipepesa mfululizo, upesi upesi, bila kupumzika, maana yake hakuna kosa lililoandikwa. Kama liko kosa, taa huhesabu makumi kwanza, hupumzika kidogo, kisha huhesabu mamoja.

Chukueni penseli. Mimi nitagonga meza, nanyi mwandike namba. Tayari?

(Ko, ko. Kimya. Ko, ko.)

Mmeandika nini? Makumi mawili na mamoja mawili: 22. Namba hiyo ni ya sensa ya joto la maji. Haya, nyingine.

(Ko. Kimya. Ko, ko, ko, ko.)

Hiyo ni 14. Ni habari za cheche za kuwashia petroli. Sasa sikilizeni hii.

(Ko, ko, ko, ko. Kimya. Ko.)

Hiyo ni 41. Ni sensa ya mlango wa hewa unaofunguliwa na pedali. Mnaona? Tarakimu ni zile zile, 1 na 4, lakini mahali pake pamebadilika, na maana imebadilika. Asiyejua tofauti ya makumi na mamoja atafungua mahali pasipo na ugonjwa, na pengine atanunua spea isiyotakiwa. Wale mlioniuliza juma lililopita kwa nini tunasumbuana na makumi na mamoja, jibu ndilo hilo.

Kila kampuni ilikuwa na lahaja yake. Katika magari mengi ya Honda ya wakati huo, mpepeso mrefu ni kumi na mpepeso mfupi ni moja. Katika magari ya Nissan fundi alizungusha skurubu ndogo katika kompyuta yenyewe, na katika mengi namba 55 ilikuwa na maana ya kwamba hali ni njema. Sasa tazameni ubaoni. Namba 22 ya Toyota, namba 6 ya Honda, na namba 13 ya Nissan, zote husema: "Sina habari sahihi za joto la maji." Ni kama mtu mmoja anayesalimiwa kwa lugha tatu.

Nitawaeleza jambo lililonipata mimi mwenyewe. Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa nikikagua madarasa ya watu wazima katika nyanda za juu za kusini mwa Tanzania. Gari letu lilikuwa kuukuu, la Kijapani. Asubuhi za baridi lilikataa kuwaka, na taa ya manjano haikuzimika. Fundi wa kwanza akabadilisha plagi. Gari halikupona. Fundi wa pili akabadilisha pampu ya petroli. Gari halikupona. Fedha hizo zilikuwa za madaftari na chaki, na darasa moja lilimaliza muhula wake likiandika juu ya mchanga kwa vijiti. Siwezi kuwasahau wale akina mama waliokuwa wakiinama chini na watoto mgongoni.

Dereva wetu alikuwa mzee mmoja mpole, aliyejifunza kusoma akiwa amepita miaka 40, katika darasa kama lenu. Asubuhi moja akaniambia, "Mwalimu, tumewauliza mafundi wawili. Gari lenyewe bado hatujaliuliza." Akachukua waya, akaufunga mahali pake, akaketi mbele ya usukani na kipande cha karatasi gotini. Nilimwona midomo yake ikihesabu. Akanipa karatasi. Ilikuwa na tarakimu mbili: 2 na 2.

Je, alikwenda kununua sensa mpya? La. Hapa ndipo penye hekima. Alifuata waya kutoka katika sensa, polepole, kidole kwa kidole, akakuta panya ameutafuna. Kompyuta ilipokosa habari ilikuwa ikijidanganya kwamba injini ina moto, kwa hiyo haikuongeza petroli ya kuwashia injini baridi. Mzee akaunga waya, akaufunga tepe, akazima ufunguo, akachomoa fyuzi ya kompyuta kwa muda mfupi ili namba ifutike, akairudisha. Gari likawaka, na taa ikazimika.

Mafundi wale wawili hawakuwa wezi, wanafunzi wangu. Walikisia tu. Lakini kukisia kwao tulikulipia kwa madaftari ya watu.

Shikeni basi mambo matatu. Kwanza, namba haikuambii spea gani ununue. Inakuonyesha njia ipi ukaague: sensa, waya wake, na kichwa cha waya. Pili, andika namba kabla ya kuifuta, maana ukiisha kuifuta umechoma barua kabla ya kuisoma. Tatu, usiingize waya katika tundu usilolijua, kwani unaweza kuunguza kompyuta. Na nyaya za manjano za ule mfuko wa hewa wa ajali usiziguse kabisa. Kama huna hakika, simama karibu na fundi na uhesabu pamoja naye.

Historia haikuishia hapo. Serikali ziliona kwamba lahaja zimekuwa nyingi mno. Kuanzia magari ya mwaka wa 1996, Marekani iliamuru motokaa zote ndogo zinazouzwa huko ziwe na mlango mmoja wa namna moja wenye pini 16, na makosa ya namna moja yaitwe kwa jina moja. Ulaya ikafuata kwa magari mapya ya petroli kuanzia mwaka wa 2001. Ndipo 22, na 6, na 13, zikawa P0115 ya ubaoni. Lugha imekuwa moja, na hilo ni jema. Lakini kwa kawaida namba hizo mpya husomwa kwa chombo maalumu, si kwa kipande cha waya na macho. Mwenye chombo husoma, na asiye nacho huambiwa. Kwa hiyo, ukipeleka gari jipya kwa fundi, usione haya kumwambia: "Ndugu yangu, niandikie namba uliyoiona." Weka karatasi hiyo. Siku nyingine itakusaidia.

Magari ya taa inayohesabu bado yako barabarani, mengi yakibeba abiria na mazao. Kila moja lina barua ndani yake inayomngoja msomaji.

Sasa maswali ya kujadiliana darasani. Swali la kwanza: kwa nini kabureta halikuweza kutimiza sheria za moshi? La pili: taa ikipepesa mara tatu, ikapumzika, ikapepesa mara moja, hiyo ni namba gani? La tatu: kwa nini yule mzee hakununua sensa mpya? La nne, kila mtu ajibu kwa maisha yake mwenyewe: ni mara ngapi umelipa kwa sababu hukusoma, au hukuuliza kilichoandikwa?

Kwaherini, wanafunzi wangu, mpaka juma lijalo.