Usasa si Kisasa

Katika orodha ya istilahi za sanaa inayozunguka miongoni mwa wafasiri wetu, maneno mawili ya Kiarabu, al-fann al-hadith na al-fann al-mu'asir, yamepewa tafsiri moja: sanaa ya kisasa. Walioiandaa ni wasomi, na vikao walikaa. Lakini tofauti ya maneno hayo mawili ndiyo inayobeba vitabu vya historia ya sanaa ya Magharibi, na wao wameifuta kwa mkupuo mmoja wa kalamu. Mfasiri akifikia ukurasa unaoeleza jinsi ile ya kwanza ilivyomalizika na ya pili ikashika nafasi yake, ataandika nini? Kwamba sanaa ya kisasa ilikwisha kwenye miaka ya 1960, ikafuatiwa na sanaa ya kisasa? Sentensi ya namna hiyo nimeisoma, imepigwa chapa, na hakuna mhariri aliyeshtuka.

Msomaji anajua ninazungumzia nini. Ni ile safari ambayo waandishi wengi huianzia Paris mwaka 1863, picha za Manet na wenzake zilipokataliwa na waamuzi zikaonyeshwa ukumbi wa peke yake; ikapita kwa Monet na maonyesho ya 1874, kwa Cézanne, kwa Picasso wa 1907, kwa Duchamp na beseni lake la haja ndogo la 1917, ikatua New York baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Mambo hayo yana mwanzo, yana kilele, yana kikomo. Ni zama zilizofungwa. Sasa tazama neno tulilopewa. Kisasa katika Kiswahili ni sifa, tena ni sifa ya kupongeza: kilimo cha kisasa, soko la kisasa, choo cha kisasa. Maana yake ni kilichoboreshwa, kinacholingana na wakati tulio nao. Picha iliyochorwa zaidi ya miaka 150 iliyopita haiwezi kuwa ya kisasa kwa maana hiyo, na anayeiita hivyo anamfundisha mwanafunzi kwamba Manet alikuwa bora kuliko waliomtangulia, kama mbegu mpya ya mahindi ilivyo bora kuliko ya zamani.

Ninalolitetea ni usasa. Sanaa ya usasa.

Turudi kwenye mizizi, maana hapo ndipo kesi hii inapoamuliwa. Warumi walikuwa na neno modo, yaani sasa hivi, punde tu. Mwishoni mwa karne ya 5, walipohitaji kutenganisha mambo yao na ya wahenga, walilichukua neno hilo dogo wakaliundia sifa, modernus. Kutoka hapo lugha nyingi za Ulaya zimechota, hadi Baudelaire, katika mwaka uleule wa 1863, alipoandika modernité akimaanisha ile ladha ya kupita ambayo mchoraji wa mjini anapaswa kuinasa. Kwa hiyo shina la neno la Magharibi ni sasa. Na sisi tunalo sasa letu, ambalo hunasibishwa na saa ya Kiarabu. Tukalivisha ki- tukapata sifa, tukalivisha u- tukapata nomino. Kiswahili bila kuwaiga Warumi kimepita njia waliyoipita wao. Kwa hesabu hii usasa uko karibu zaidi na Kilatini kuliko lilivyo neno la Kiarabu, kwa sababu Waarabu hawakushika wakati bali upya: hadith ni kipya, kinyume cha qadim, kikongwe.

Mzizi huo wa Kiarabu nao una watoto wengi nyumbani kwetu. Hadithi ni mmoja, kwa kuwa mazungumzo ni jambo linalozuka. Hadathi, ile hali inayomlazimu mtu kutawadha au kuoga kabla ya kusali, ni mwingine, kwa kuwa nayo ni jambo linalozuka. Ndiyo maana hatuwezi kuazima moja kwa moja: sanaa ya hadithi ingekuwa sanaa ya ngano. Mu'asir ni rahisi zaidi. Limetoka kwenye asr, zama, na ndugu yake ni alasiri yetu ya kila siku. Mu'asir ni anayeishi zama moja nawe. Basi al-fann al-mu'asir iwe sanaa ya zama zetu, na mjadala wake uishe hapo.

Nguvu ya u- ndiyo wapinzani wangu hawataki kuipima. Katika Kiswahili kiambishi hicho ndicho kinachotengeneza imani, mfumo na mrengo: ujamaa, ubepari, ukabaila. Wahakiki wa fasihi wamekitumia kwa miaka mingi, wakatupa uhalisia, urasimi, na naam, usasa. Mwanafunzi wa fasihi mjini Dar es Salaam au Nairobi anasoma kuhusu usasa katika riwaya na tamthilia. Akivuka ua kwenda idara ya sanaa za ufundi anaambiwa neno hilo halifai kwa picha. Kwa nini? Sijapata jibu lililoandikwa. Nilipoiwasilisha sura niliyoifasiri kutoka kitabu kimoja cha historia ya uchoraji, kila usasa uligeuzwa kuwa kisasa, na barua iliyorudi ilisema tu kwamba hilo ndilo lililokubaliwa. Limekubaliwa na nani? Kwa hoja gani? Mtu aliyetumia miezi kupima neno anastahili kujibiwa kwa hoja.

Nipelekeni Jeddah, maana mji huo unaipima istilahi kuliko kamusi. Katika miaka ya 1970 na 1980, fedha za mafuta zilipokuwa zikiupanua mji, meya wake, Mohamed Said Farsi, alijaza barabara na ufuko wa Bahari ya Shamu kazi za Henry Moore, Joan Miró, Alexander Calder, Jean Arp, Victor Vasarely na César, pamoja na za mafundi wa Kiarabu na wa Kisaudia. Mwanawe, Hani Farsi, alizikusanya katika kitabu kilichotoka London mwaka 1991. Baadaye baadhi zilikarabatiwa zikapangwa pamoja katika bustani moja kwenye kornishi. Hujaji wetu kutoka Tanga au Lamu anayekwenda kupunga upepo pale anasimama mbele ya historia ya sanaa ya Magharibi iliyotoka kwenye kurasa ikasimama mchangani. Hakuna hata kazi moja ya Moore, Miró au Arp iliyo ya kisasa. Wote watatu walifariki kabla ya 1990. Ni sanaa ya usasa, kwa ukamilifu wake. (Wenyeji, niseme kwa kupita, hawaziiti sanam, kwa kuwa kwao sanam ni mungu wa kuchongwa, huziita mujassamat, vitu vilivyopewa mwili. Sisi tumelipokea sanamu bila uzito huo, na hilo linahitaji makala yake.)

Kisha mtu huyohuyo apande ndege hadi Riyadh. Huko Diriyah, katika mtaa wa maghala uitwao JAX, tangu Desemba 2021 kumekuwa na tamasha kubwa la sanaa, na jina lake rasmi la Kiarabu limebeba mu'asir, wala si hadith. Wasaudia hawakuchanganya. Wanajua pia kwamba wao wenyewe walikuwa na usasa wao: Abdulhalim Radwi, mzaliwa wa Makka aliyesomea Roma akarudi kufanya kazi Jeddah, Mohammed Al-Saleem wa Riyadh, aliyesomea Florence na kuibua mtindo wa kuchora upeo wa jangwa kwa tabaka za mistari, Safeya Binzagr na Mounirah Mosly, waliofungua maonyesho yao katika shule ya wasichana mjini Jeddah mwaka 1968. Taasisi ya kufunza walimu wa sanaa ilianzishwa Riyadh mwaka 1965. Kuwaita watu hawa wasanii wa kisasa ni kuwaweka meza moja na vijana wa leo wa JAX, na hapo historia yote inabomoka.

Wanaonipinga wana hoja moja yenye uzito, na nitaijibu kwa heshima. Wanasema usasa mitaani una harufu: vijana wa usasa, mambo ya usasa, yaani mavazi mafupi na kuwadharau wazee. Ni kweli. Lakini walisikie neno la Kiarabu lilivyoteswa. Hadatha, nomino ya mzizi uleule wa hadith, yaani usasa wenyewe, kwa sikio la mcha Mungu iko hatua moja tu kutoka muhdathat, mambo ya kuzushwa katika dini. Abdullah al-Ghathami alipochapisha kitabu chake cha uhakiki kupitia klabu ya fasihi ya Jeddah mwaka 1985, nchi nzima iligombana juu ya neno hilo. Mwaka 1988 Awad al-Qarni akatoa kitabu cha kuipima hadatha kwa mizani ya Uislamu, na kanda za mawaidha zikaenea. Je, waandishi walilitupa neno wakatafuta jingine laini? Hapana. Mwaka 2004 al-Ghathami alisimulia kisa kizima, na hadatha imo katika jina la kitabu. Neno linaloudhi ndilo linalofaa kwa harakati iliyoudhi. Manet aliudhi. Duchamp aliudhi. Usasa usiomsumbua mtu yeyote si usasa wanaoueleza wanahistoria.

Wako wanaopendelea sanaa mamboleo. Neno hilo lilikuwa na heshima tangu gazeti la Mambo Leo lilipoanza Dar es Salaam mwaka 1923, lakini ukoloni mamboleo umelichukua, na siku hizi mamboleo huashiria cha zamani kilichorudi kwa sura mpya. Wako pia wanaoandika umodenisti. Hao sina la kuwaambia.

Na jambo hili linatugusa sisi kabla ya kuwagusa Wasaudia. Makerere, baada ya Cecil Todd kuchukua uongozi wa shule ya sanaa mwaka 1958, historia ya sanaa ya Magharibi iliingizwa kwa nguvu darasani, kwa Kiingereza. Sam Ntiro, Mchagga aliyetangulia kupita hapo na kisha Slade ya London, picha yake ilinunuliwa na jumba la Museum of Modern Art la New York mwaka 1960. Je, Ntiro ni wa usasa? Ninaamini ni wake, ingawa vitabu vinene vya Magharibi havimtaji. Lakini swali lenyewe haliwezi hata kuulizwa kwa neno kisasa, kwa kuwa jibu lingekuwa ndiyo kwa kila mtu aliye hai na rangi mkononi.

Matumizi ni haya: sanaa ya usasa kwa zama za Manet hadi miaka ya 1960, mwanausasa kwa msanii wake, sanaa ya zama zetu kwa yaliyofuata, na kisasa kibaki kwa nyumba na mashine. Lipo pia usasaleo, ambalo wahakiki wa fasihi walilitoa kwa harakati iliyoupinga usasa. Hilo silikubali, kwa sababu leo na sasa ni wakati mmoja uliotajwa mara mbili, na harakati hiyo yenyewe imekwisha kuwa ya jana. Baada-usasa linatosha, na hivyo ndivyo nitakavyoliandika katika sura inayofuata, ihaririwe watakavyo.