Kiti Kitupu cha Mwanza

Mkolani iko kusini mwa mji wa Mwanza, kando ya barabara iendayo Shinyanga. Nilipofika huko nikitokea visiwani, wazee walionikaribisha walinisimulia Mkutano Mkuu wa TANU wa Oktoba 1967 kwa masikio, si kwa macho, kwani waliusikia redioni. Bara haikupata televisheni mpaka 1994. Sinema iliwafikia wanavijiji kwa gari la serikali, ilipowafikia.

Atakayeutengenezea mkutano ule filamu ya kumbukumbu atavutwa kwanza na safari. Mwalimu Nyerere alitembea kwa miguu kutoka Butiama hadi Mwanza, zaidi ya kilomita 200, kuliunga mkono Azimio la Arusha lililotangazwa tarehe 5 Februari mwaka huo. Kisha, tarehe 16 Oktoba, aliwahutubia wajumbe kulifafanua Azimio lenyewe. Masharti yake yaligusa mifuko ya viongozi: asiwe na hisa katika kampuni, asipokee mishahara miwili, asipangishe nyumba.

Lakini kamera humwona aliyepo tu. Oscar Kambona, Katibu Mkuu wa TANU tangu siku za kupigania uhuru, alijiuzulu Juni 1967, na Julai akaondoka nchini kwenda London. Filamu ikituonyesha mikono iliyonyoshwa peke yake, tutaamini kwamba hapakuwa na neno jingine. Sisi watunzi twalijua fumbo: lisilotamkwa huenda ndilo lililoubeba utungo.

Nasi wa visiwani tuna haki ya kuuliza. Mwaka 1967 chama cha huku kilikuwa ASP, nacho hakikuwa sehemu ya TANU. Vyama hivyo viliungana kuwa CCM tarehe 5 Februari 1977, tukarithi maamuzi ya ukumbi ambao hatukuketi. Na ni huku huku, mwaka 1991, Halmashauri Kuu ya CCM ilipoyalegeza masharti yale yale ya uongozi, katika lile liitwalo Azimio la Zanzibar.

Kwa hiyo filamu ya Mwanza isiishie kwenye makofi. Ianze na wazee wa Mkolani, maadamu wapo wa kusimulia, ipite kwenye kiti cha Kambona, ivuke bahari mpaka Unguja. Mtazamaji akishaona njia yote, aachwe aamue mwenyewe ni wapi safari ilipogeuka.