Wangila: Dhahabu ya Seoul, mauti ya Las Vegas

KATIKA orodha ndefu ya Wakenya waliotwaa nishani ya dhahabu kwenye Michezo ya Olimpiki, ni mmoja tu ambaye hakuwa mwanariadha wa mbio. Huyo ni marehemu Robert Napunyi Wangila, bondia wa uzani wa welta aliyeibuka bingwa jijini Seoul, Korea Kusini, mwaka wa 1988. Miaka sita baadaye aliaga dunia nchini Marekani, akiwa na umri wa miaka 26, alipokuwa akijitafutia jina katika ndondi za kulipwa.

Wangila alizaliwa Nairobi mnamo Septemba 3, 1967, na kukua wakati ambapo ndondi za ridhaa zilikuwa zimeshika mizizi nchini. Philip Waruinge alikuwa ameshinda shaba katika Olimpiki ya Mexico mwaka wa 1968 na fedha kule Munich mwaka wa 1972. Katika mashindano hayo ya Munich, Samuel Mbugua na Richard Murunga walirejea na shaba, Murunga akipigana katika uzani uo huo wa welta. Stephen Muchoki alitawazwa bingwa wa dunia wa ridhaa mwaka wa 1978, naye Ibrahim Bilali akaongeza shaba ya Olimpiki mjini Los Angeles mwaka wa 1984.

Kwa hivyo, Wangila alipotwaa dhahabu ya Michezo ya Afrika iliyoandaliwa Nairobi mwaka wa 1987, wapenzi wa ndondi waliona ameingia katika safu ya magwiji hao. Lililokuwa limewashinda wote waliomtangulia ni dhahabu ya Olimpiki.

Bahati nayo haikumpa kisogo kule Seoul. Katika nusu fainali alipita bila kurusha konde, baada ya mpinzani wake, Jan Dydak wa Poland, kushindwa kupanda ulingoni. Katika fainali alikutana na Laurent Boudouani wa Ufaransa. Pigano hilo halikufika mbali. Mapema katika raundi ya pili, makonde ya Wangila yalimwangusha Mfaransa huyo, na ushindi ukatangazwa kwa njia ya KO. Majaji hawakuwa na alama za kujumlisha.

Kenya ilirejea kutoka Seoul na dhahabu tano. Nne zilitokana na mbio za Paul Ereng, Peter Rono, John Ngugi na Julius Kariuki. Ya tano ilikuwa ya Wangila. Mwenzake katika timu ya ndondi, Chris Sande, alipata shaba ya uzani wa kati.

Mwaka uliofuata Wangila alijiunga na ndondi za kulipwa nchini Marekani. Uamuzi huo ulieleweka. Nishani ya Olimpiki huleta heshima, lakini haina mshahara, na soko la ngumi la Marekani ndilo lililokuwa na fedha. Tatizo ni kwamba bondia anapovuka kutoka ridhaa kwenda kulipwa huwa anaingia katika kazi nyingine kabisa. Kule Seoul, Wangila alipigana raundi tatu, akiwa amevaa kofia ya kukinga kichwa na fulana. Katika ndondi za kulipwa kofia hiyo haipo, glavu za uzani wake ni nyepesi zaidi, na raundi huweza kufika 10, au 12 pigano linapokuwa la ubingwa. Anayetegemea kumaliza kazi mapema hana budi kujifunza kuvumilia, kujikinga na kuweka akiba ya pumzi.

Isitoshe, mabondia wa kulipwa hupanda ngazi kwa kutegemea mameneja na mapromota. Hao ndio huchagua wapinzani, hupanga tarehe na kufungua mlango wa mapigano ya ubingwa. Mgeni asiye na mashabiki wengi katika nchi anakopigana huwa na mtihani mkubwa zaidi.

Katika mapigano 27 ya kulipwa, Wangila alishinda 22, kati ya hayo 16 kwa KO, na kushindwa matano. Ni rekodi ya bondia aliyekuwa bado na matumaini, ila taji la dunia hakuwahi kulifikia. Baadhi ya waliong'ara pamoja naye kule Seoul walilifikia. Lennox Lewis, Ray Mercer na Kennedy McKinney, walioshinda dhahabu kama yeye, wote walitwaa mataji ya dunia ya kulipwa. Hata Boudouani, aliyeangushwa na Wangila katika fainali, alikuja kuwa bingwa wa dunia wa chama cha WBA mwaka wa 1996 katika uzani wa juu kidogo ya welta, akalishika taji hilo hadi mwaka wa 1999.

Pigano la mwisho la Wangila lilifanyika Las Vegas mnamo Julai 22, 1994, dhidi ya David Gonzalez. Katika raundi ya tisa, refa Joe Cortez aliona kwamba Mkenya huyo anapokea makonde mengi mno, akalisimamisha. Wangila alilalamika, akiamini bado ana uwezo wa kuendelea. Lakini alipofika katika chumba cha kubadilishia nguo alizirai. Alikimbizwa hospitalini na kufanyiwa upasuaji wa ubongo, ila hakurejewa na fahamu. Alifariki Julai 24.

Kisa hicho kilidhihirisha jambo ambalo madaktari wa michezo hulisisitiza. Damu inayovuja ndani ya fuvu huweza kujikusanya polepole, huku bondia akiendelea kusimama, kuzungumza na hata kudai apewe nafasi ya kuendelea. Ndiyo sababu uamuzi wa kusimamisha pigano haukuachiwa bondia mwenyewe, bali refa, daktari na watu wa kona yake. Katika pigano hilo, refa aliyelaumiwa kwa haraka alikuwa amechelewa bila kujua.

Hata baada ya kifo, Wangila hakupumzika mara moja. Mazishi yake yalicheleweshwa na mvutano uliofikishwa mahakamani kuhusu iwapo azikwe kwa taratibu za Kikristo au za Kiislamu, kwani ilielezwa kwamba alikuwa amesilimu akiwa Marekani.

Tangu Seoul, hakuna bondia wa Kenya aliyepata tena nishani ya Olimpiki, iwe ya dhahabu, fedha au shaba. Kwa jumla nchi imeshinda nishani saba katika ndondi za Olimpiki, na ya dhahabu ni hiyo moja ya Wangila.