Sinema Moja na Kiti cha Enzi

Mwanafunzi mpenzi, sisi tukaao hapa Kimumu, kando ya mji wa Eldoret, tumo katika nchi isifiwayo kwa mahindi. Aliyeshiba huweza kusahau kwamba njaa nayo ina historia yake, kama vita. Hebu tutazame pamoja habari ya sinema moja fupi.

Haile Selassie alitawazwa kuwa Mfalme Mkuu wa Ethiopia tarehe 2 Novemba 1930. Katiba ya mwaka 1931 ilikuwa tunu yake kwa raia, lakini iliacha mamlaka yote mkononi mwake. Mawaziri aliwaweka yeye na kuwaondoa yeye. Penye utawala wa namna hiyo, habari mbaya hukawia njiani, na ifikapo husitiriwa. Ndivyo njaa ya Wollo ilivyoua maelfu ya watu kimyakimya.

Oktoba 1973, Mwingereza Jonathan Dimbleby aliwaonyesha watu wa kwao sinema ya njaa hiyo, na misaada ikaanza kumiminika. Usiku wa tarehe 11 Septemba 1974, wanajeshi walioitwa Dergi waliionyesha katika televisheni ya Ethiopia. Lakini walikwisha kuikata na kuiunga upya. Mara alionekana mwenye njaa, mara karamu ya kifalme. Mara maiti, mara mfalme akiwapa mbwa wake nyama. Kesho yake mfalme aliondolewa katika enzi, akachukuliwa ndani ya gari dogo la Volkswagen.

Je, sinema ile ilisema uongo? Njaa ilikuwa kweli, na mbwa walikula kweli. Lakini mkono uliounga picha zile ulikuwa na haja yake. Septemba 1984 Dergi walisherehekea kwa fahari miaka 10 ya mapinduzi, huku wakisitiri njaa nyingine, kubwa kuliko ile ya kwanza. Mwezi uliofuata ilifichuliwa na picha zilizopigwa Korem na Mkenya mwenzetu, Mohamed Amin, aliyefuatana na Michael Buerk wa BBC.

Basi utazamapo sinema ya mfalme yeyote, uliza maswali mawili: Picha hii ni ya kweli? Na ni nani aliyeiweka kando ya ile? Swali la kwanza litakukinga na uongo. La pili litakukinga na ukweli uliotumwa kazi ya hila. Maana wenye njaa wa Wollo hawakuulizwa neno na mfalme, wala hawakuulizwa na wale waliompindua.