Waajemi wa Kale: Kutoka Hadithi za Maadui Hadi Vitabu vya Posho

Muulize mpenzi wa filamu kuhusu Waajemi wa kale, huenda akakutajia 300: Wagiriki wachache mashujaa upande mmoja, na upande wa pili Xerxes, mfalme mwenye mapete usoni anayejiona mungu. Muulize msomaji wa Biblia, atakutajia Koreshi, mfalme mwema aliyewaruhusu Wayahudi warudi Yerusalemu. Dola ni hiyo hiyo moja, picha mbili tofauti kabisa. Kwa hiyo kabla ya kuuliza Waajemi walikuwa watu wa namna gani, mwanahistoria anauliza kwanza: nani ametuambia?

Tunazungumzia dola ya ukoo wa Achaemenid. Cyrus, ambaye ndiye Koreshi wa Biblia, aliijenga kuanzia miaka ya 550 KK. Alexander akaiangusha mwaka 330 KK. Katikati hapo ilienea kutoka bonde la mto Indus hadi Misri na pwani ya Aegean.

Tatizo ni hili. Wafalme wake waliacha maandishi ya kujisifu kwenye miamba na kuta, lakini hatuna kitabu cha historia kilichoandikwa na Mwajemi wa enzi hizo. Hadithi ndefu zilizotufikia ni za Wagiriki, yaani watu waliopigana nao. Mwaka 472 KK, miaka minane tu baada ya vita vya Salamis, Aeschylus alikuwa tayari ameonyesha mchezo wa kuigiza kuhusu Waajemi mbele ya watu wa Athens. Ctesias, tabibu Mgiriki aliyehudumu katika jumba la mfalme, alisimulia fitina za malkia na matowashi. Hata Herodotus, ambaye mara nyingi anawasifu Waajemi, alikuwa anawaandikia Wagiriki.

Wasomi wengi wa Ulaya wa karne ya 19 waliyapokea hayo karibu yalivyo. Nao waliishi zama za ukoloni, kwa hiyo hadithi ya Ulaya yenye uhuru dhidi ya Mashariki yenye madikteta na anasa iliwakaa vizuri. Ikaingia vitabuni, na baadaye kwenye sinema.

Makarani waingia kwenye hadithi

Mwaka 1933, timu ya mwanaakiolojia Ernst Herzfeld ilikuwa inachimba Persepolis, kusini mwa Iran ya leo. Ndani ya ngome wakakuta maelfu ya vibao vya udongo vyenye maandishi, vingi vikiwa vidogo vya kushika kiganjani. Mwaka 1936 vilipelekwa kwa mkopo Chuo Kikuu cha Chicago ili visomwe. Vingi vimeandikwa kwa Kielamu, lugha iliyokwisha kufa, kwa hiyo kazi haikuwa ya siku moja. Richard Hallock alichapisha zaidi ya 2,000 kati yake mwaka 1969.

Humo hamna vita wala fitina. Ni kumbukumbu za bohari: shayiri kiasi gani imetoka, divai imeenda kwa nani, kondoo wangapi, kwa muhuri wa nani. Ni kazi ya makarani wa mfalme Darius, kati ya mwaka 509 na 493 KK.

Lakini soma posho hizo kwa makini, uone zinavyosema. Wasafiri waliobeba hati yenye muhuri wanapewa unga njiani, wengine wakitoka mbali kama India au Sardis. Irtashduna, mke wa Darius, anapewa kondoo 100 kwa amri ya mfalme. Vibao vingine vinamwonyesha akitumia muhuri wake mwenyewe kuagiza mali kutoka mashamba yake. Huyu si yule malkia wa kupika sumu tuliyesimuliwa. Ni mwanamke anayesimamia uchumi.

Na wapo wanawake wa kawaida. Mfanyakazi aliyejifungua alipewa posho ya ziada, na aliyezaa mtoto wa kiume alipata mara mbili ya aliyezaa wa kike. Hapo unaona mambo mawili kwa pamoja: utawala uliojali uzazi, na utawala uliopima thamani ya mtoto kwa jinsia yake.

Kuanzia miaka ya 1980, Heleen Sancisi-Weerdenburg wa Uholanzi na wenzake walianza kukutana katika warsha kuipitia upya historia hii. Pierre Briant wa Ufaransa akatoa kitabu kikubwa juu ya dola hiyo mwaka 1996. Hawakuwatupa Wagiriki. Walichofanya ni kukipa kila chanzo maswali yale yale: nani aliandika, kwa ajili ya nani, na alifaidika nini?

Tusihame kutoka kosa moja hadi jingine

Kuna mtego wa upande wa pili. Mwaka 1879 ilipatikana Babeli silinda ya udongo yenye maneno ya Cyrus. Mwaka 1971 serikali ya Shah wa Iran iliitangaza kuwa tamko la kwanza la haki za binadamu, na nakala yake ikapewa Umoja wa Mataifa. Amélie Kuhrt, mmoja wa wanahistoria wa kundi hilo jipya, alionyesha kwamba ni tangazo la desturi ya Babeli, la mfalme mpya kujipendekeza kwa mungu Marduk na watu wake. Yerusalemu haitajwi. Cyrus hakuwa shetani wala mwanaharakati. Alikuwa mshindi wa vita aliyejua siasa.

Na vibao vya Persepolis? Nusura vituponyoke. Waathirika Wamarekani wa shambulio la Jerusalem la mwaka 1997 walishinda kesi dhidi ya Iran, wakataka vikamatwe kufidia deni. Maumivu yao yalikuwa ya kweli, lakini mkusanyiko ungetawanyika, na kibao kimoja bila wenzake ni namba tu. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua visikamatwe. Mwaka uliofuata, zaidi ya 1,700 vilirudishwa Iran.

Ushindi wa Salamis haukuhitaji mahakama ili ukumbukwe, ulishapata washairi. Mama aliyepokea posho yake Persepolis hana shairi. Ana mstari mmoja wa karani, nao hauna hata jina lake.